Utangulizi wa Poromosomo kwa Wanaoanza

Mwanafunzi, kaa. Kiti hicho kina miguu mitatu na jiwe moja, lakini kimebeba uzito wa elimu kwa miaka mingi na hakijawahi kulalamika. Tuko Ariwara, wilaya ya Aru, kwenye pembe ya kaskazini-mashariki ya Ituri, mahali ambapo mtu huamka Kongo, akanunua sukari kwa shilingi za Uganda, na jioni akasimulia habari za Sudani Kusini kana kwamba ni mtaa wa pili. Ulimwengu wa wasomi bado haujatambua kwamba mji huu ndio makao makuu ya Poromosomo. Utatambua.

Poromosomo ni elimu ya kuporomoka kwa majumba yaliyojengwa ili yashangaliwe. Neno hili nimeliunda mwenyewe kwa kuozesha poromoka na somo, na ndoa imetulia. Usiichanganye elimu yetu na uhandisi, ambao hushughulika na nyumba zinazosimama, jambo lisilo na ugumu wowote. Wala usiichanganye na uandishi wa habari, ambao hufika vumbi likiwa limeshatua. Mwanaporomosomo hufika mapema. Husimama mbele ya jumba lenye afya tele, akalizunguka mara moja, akauliza: nani anakula hapa?

Kwa maana nguzo ya elimu hii, ambayo utaiandika kwa kalamu nyekundu, ni kwamba jumba halianguki. Jumba huliwa. Wahenga walikaribia kuligundua jambo hili waliposema kikulacho ki nguoni mwako. Walikosea neno moja tu. Ki ukutani.

Tufafanue istilahi. Kasri-onyesho ni jumba lililojengwa ili vitu vionyeshwe ndani yake, na ambalo ukiviondoa vitu vyote hujionyesha lenyewe. Ghala si kasri-onyesho: ukiliondolea magunia linabaki ghala tupu, na panya hawashangai. Soko letu la Ariwara nalo halimo, ingawa yuko mama mmoja pale anayepanga nyanya zake mafungu ya tano tano, nne chini na moja juu, iliyoiva kuliko zote ikitazama njia, na mteja akigusa ya chini anapigwa jicho ambalo hata mlinzi wa makumbusho hana.

Mshangao hupimwa kwa kodo. Kodo moja ni kiasi cha kukodoa macho kinachomfanya mtu mzima asahau mfuko wake wa nyuma. Kipimo hiki nilikithibitisha mwenyewe, siku ya soko, kwa gharama ya franga elfu kumi, na sitapokea maswali juu yake.

Baada ya hayo, ziko aina nne za kuliwa.

Aina ya Kwanza: Motoliwa. Mfano wake mkuu ni Crystal Palace ya London, yaani Kasri la Vioo. Naona umeinua mkono. Unataka kuniambia, kama wanavyoniambia vijana wote wa hapa, “Profesa, Palace ni ekipe, hapana nyumba.” Shusha mkono. Tutafika huko.

Jumba hilo lilizaliwa juu ya jani. Joseph Paxton hakusomea usanifu wa majengo. Alikuwa mkuu wa watunza bustani katika shamba la mwinyi mmoja huko Chatsworth, Uingereza, na alikuwa amefanikiwa kuotesha yungiyungi kubwa mno la Amerika Kusini, ambalo jani lake lina mbavu kwa chini kama za mtumbwi. Mwaka 1849 alimsimamisha binti yake mdogo juu ya jani hilo likiwa linaelea majini. Halikuzama. Mzazi wa kawaida angemtoa mtoto upesi. Paxton alitoa kalamu. Mwaka uliofuata, akiwa kwenye kikao cha shirika la reli, alichora jumba zima juu ya karatasi ya kukaushia wino, likiwa na mbavu zilezile za jani, ila sasa za chuma.

Likasimama Hyde Park, refu kupita nusu kilomita, likiwa na vioo karibu 300,000, na Malkia Victoria akalifungua tarehe 1 Mei 1851 kwa Maonyesho Makuu ya kazi za mataifa. Miti mirefu iliyokuwapo uwanjani haikukatwa. Paa liliinuliwa likaipita. Basi na shomoro waliokuwa mitini wakajikuta ndani, wakaanza kutoa maoni yao juu ya mazulia ya maonyesho. Husimuliwa kwamba malkia aliomba ushauri, na jenerali mzee Wellington, yule aliyemshinda Napoleon, akamjibu kwamba waletwe vipanga. Jina la jumba nalo halikutoka kwa mjenzi. Lilitoka kwenye Punch, jarida la vichekesho. Elimu yetu imeshalisamehe jarida hilo.

Sasa tuingie penye uzito. Katika miezi isiyofika sita, jumba lilipokea watu zaidi ya 6,000,000. Wanahistoria wa kawaida husimama kwenye namba hiyo, wakashangaa, wakaenda kunywa chai. Mimi nilitazama namba nyingine. Fundi bomba George Jennings aliweka humo vyoo vya kulipia, peni moja kwa mtu, na malipo yaliyoandikwa ni 827,280. Gawanya. Utapata saba na ushee. Hiyo ndiyo Kanuni ya Saba: katika kila watu saba wanaoingia kwenye maajabu, mmoja anatafuta choo.

Niliipima kanuni hii hapa sokoni, ambako mlangoni pa choo hukaa kijana mwenye ndoo ya maji na bunda la noti zilizolainika kama kitambaa. Nilikaa naye kutwa nzima nikiweka vijiti. Aliniuliza mara tatu kama tumbo linaniuma. Nilimwambia tatizo langu ni la kielimu. Akanipa bei ya jumla. Matokeo hayakulingana na ya London, kwa hiyo nimeyakataa.

Maonyesho yalipokwisha, jumba halikuvunjwa. Lilifunguliwa kipande kwa kipande, likapakiwa, likajengwa upya, kubwa kuliko mwanzo, kwenye kilima cha Sydenham kusini mwa jiji, na milango ikafunguliwa mwaka 1854. Wanafunzi wa nchi nyingine hukosa usingizi kwa jambo hili. Mwanafunzi wa Ariwara hakosi. Nani kati yetu hajamwona mtu akihama na nyumba yake, anang'oa mabati moja moja, na mtoto amechuchumaa pembeni ananyoosha misumari juu ya jiwe ili ikagongwe tena huko waendako? Waingereza walifanya vilevile, ila mtoto wao alikuwa na misumari mingi zaidi.

Liliishi kilimani miaka 82. Jioni ya tarehe 30 Novemba 1936, meneja wake, Henry Buckland, alikuwa akitembeza mbwa pamoja na binti yake, ambaye alikuwa amempa jina la Crystal kwa kulipenda jumba lile. Wakaona wekundu ndani. Usiku ule yalikuja magari ya zimamoto 89 na askari wake zaidi ya 400, na hayakuokoa kitu cha kutaja. Zingatia mlo wenyewe: chini ya vioo vile kulikuwa na sakafu za mbao zilizoanikwa juani, ndani ya kioo, kwa miongo minane. Watu walikuwa wanaona jumba la vioo. Moto uliona kuni zilizokauka vizuri, zimepangwa, na zina paa.

Aina ya Pili: Kutuliwa. Neno hili lisichanganywe na kutulia, ingawa dalili za mwanzo zinafanana. Na hapa nyosha mgongo, maana tunaingia nyumbani.

Sayyid Barghash bin Said alitawala Zanzibar tangu 1870 hadi kifo chake mwaka 1888. Mwaka 1875 alikuwa mgeni wa Waingereza jijini London, na wakati huo Kasri la Vioo lilikuwa linang'aa kilimani mwake. Miaka minane baadaye, 1883, naye akawa na la kwake ufukweni Unguja: kuta za mawe ya matumbawe na chokaa, roshani zimezunguka pande zote juu ya nguzo ndefu za chuma, milango ya nakshi yenye aya za Kurani zilizotiwa dhahabu. Husemwa mlango mkubwa ulipimwa ili sultani aweze kupita juu ya tembo. Ilipowashwa humo taa ya umeme, pwani nzima ikiwa bado na vibatari, watu walitafuta neno, wakakosa, wakaita jumba lote maajabu: Beit al-Ajaib. Baadaye likatiwa lifti pia. Kwa hesabu yangu, lifti peke yake ni kodo tatu, kwa sababu mtu huinua uso, hufungua mdomo, na mikono yote miwili huwa imeshika ukuta.

Lakini Barghash hakulala humo. Lilikuwa jumba la sherehe. Makazi yalikuwa katika majumba ya jirani, yaliyounganishwa nalo kwa vivuko vya juu. Pigia mstari. Jumba lisilolalwa halina mtu wa kusikia tone la kwanza la mvua likidondoka sakafuni saa nane za usiku.

Hapo katikati inajipenyeza Aina ya Tatu, Mzingaliwa, nayo nitaipitia mbio kwa kuwa yenyewe ilikuwa ya mbio. Tarehe 27 Agosti 1896 meli za kivita za Waingereza ziliipiga ikulu ya Zanzibar ili kumtoa Khalid bin Barghash, aliyekalia kiti bila ridhaa yao. Vita vilianza saa tatu asubuhi na kwisha baada ya dakika 38 kwa wanaohesabu kwa ubahili, 45 kwa wakarimu. Yaani hata kwa wakarimu, ilikuwa ni mapumziko. Beit al-Hukm, jumba la ubavuni, halikuinuka tena, na mnara uliokuwa mbele ukaanguka. Beit al-Ajaib lilitoka na mikwaruzo, na katika matengenezo likapewa mnara wa saa juu ya uso wake. Wengi husoma hapo ushindi. Mwanaporomosomo husoma tani kadhaa mpya juu ya nguzo za zamani.

Baada ya hapo jumba liliishi maisha ya mtumishi wa serikali. Waingereza walilifanya ofisi. Baada ya Mapinduzi ya 1964 likawa la chama. Mwanzoni mwa karne hii likawa makumbusho, na katika ua wake wa ndani ukasimamishwa mtepe mzima, chombo cha zamani cha pwani kilichoshonwa kwa kamba za usumba bila msumari hata mmoja. Angalia fumbo hilo, nami nalipenda kuliko yote katika kozi hii: ndani ya jumba lililojivunia chuma, kitu kilichokuwa salama na kutu ni mashua isiyo na chuma.

Sasa tofautisha kwa makini. Mwaka 2012 ilimeguka kona ya nyuma. Huo tunauita mwanguko wa kisogo. Jumba lenye adabu huanza kisogoni, lisikuaibishe mbele ya wageni. Makumbusho yakafungwa. Tarehe 25 Desemba 2020, likiwa linakarabatiwa kwa fedha za Oman, uliporomoka upande wa bahari pamoja na mnara wa saa; huo ni mwanguko wa uso. Watu wawili walikufa. Hapa ninavua kofia, na somo linasimama.

Tuendelee. Mlaji alikuwa nani? Hewa ya bahari ina chumvi, na paa lililochoka hupitisha mvua. Chuma kilichozikwa ukutani kikipata vyote viwili huota kutu, na kutu, mwanafunzi, huchukua nafasi kubwa kuliko chuma kilichoizaa. Inavimba. Ikivimba inapasua jiwe, ufa unakaribisha mvua, mvua inalisha kutu. Moto ni mlaji mwenye pupa, anakula usiku mmoja na mji mzima unamwona. Kutu hukaa mezani miaka 137, ananenepea palepale alipoketi, na wenyeji wanasema jumba limetulia.

Kabla ya Aina ya Nne, lazima tufundishe jinabaki, na wewe uliyeinua mkono sasa ufungue masikio.

Jumba likishaliwa huacha mabaki ya namna mbili. Kuna masalia, yaani vitu vya kugongesha vidole: pale Sydenham yamebaki masanamu ya sfinksi yanayolinda ngazi zisizokwenda popote, na masanamu ya dinosaria kando ya ziwa, yaliyotengenezwa wakati ambapo wataalamu walidhani mfupa wa kidole gumba cha mmoja wa wanyama hao ni pembe ya puani. Wasomi wa masalia ni wengi na sina ugomvi nao. Jinabaki ni kitu kingine. Jinabaki ni jina linaloendelea na safari baada ya mwenye jina kuteremka garini.

Mwaka 1905, jumba likiwa bado zima, ilianzishwa klabu ya mpira kwenye viwanja vyake, nayo ikaitwa Crystal Palace. Hadi mwaka 1973 wachezaji wake walijulikana kwa jina la utani la mafundi wa vioo. Ndipo wakageuka tai. Kwa hiyo usiku ule wa 1936 moto ulikula kila kitu isipokuwa jina, kwa sababu jina lilikuwa nje linacheza mpira.

Na lilikuja mpaka kwetu. Yannick Bolasie, aliyevaa jezi ya Leopards wa Kongo, aliichezea Palace na mwaka 2015 akawafunga Sunderland mabao matatu katika dakika kumi na moja. Christian Benteke, mzaliwa wa Kinshasa, alikuwa mshambuliaji wao kwa miaka sita. Aaron Wan-Bissaka alilelewa kwenye akademia yao, na leo anavaa jezi yetu. Wewe ulidhani ni bahati ya soka. Ni mionzi ya jinabaki, na kila mtu aliyesoma sura hii anaweza kuihisi kwa mkono mtupu.

Kuna uzi mwembamba zaidi. John Logie Baird, mmoja wa waliovumbua televisheni, alikuwa na karakana na studio zake katika Kasri la Vioo tangu miaka ya 1930, na sehemu kubwa ikateketea humo. Leo kwenye kilima hichohicho umesimama mnara wa kurushia matangazo. Yaani jumba, jina la timu na chombo cha kuitazamia vilikuwa majirani. Vyote vitatu vilikuwa vinatafuta mahali pa kukutana tena. Mahali hapo palikuwa banda langu.

Aina ya Nne: Mchwaliwa. Haijaandikwa na mtaalamu mwingine yeyote, kwa kuwa mfano wake pekee uliochunguzwa kikamilifu ulikuwa mali yangu.

Lilikuwa banda la video: nguzo sita za mkaratusi, mabati makuukuu kumi na manne, kuta za turubai, jenereta nyuma, televisheni mbele ndani ya sanduku la mbao lenye kufuli. Lilitimiza masharti yote ya kasri-onyesho, kwa maana hata siku jenereta ilipokataa kuwaka watu waliingia wakakaa wakitazama sanduku. Nguzo nilizichunguza kila mwezi kwa macho. Ganda lilikuwa zuri, limenyooka, la rangi ya kahawa. Mchwa, mwanafunzi, ndiye mlaji mwenye malezi bora kuliko wote: hula unga wa ndani wote na kukuachia ganda, ili usijisikie vibaya.

Jumamosi tarehe 17 Mei 2025 ilikuwa fainali ya Kombe la FA, Crystal Palace dhidi ya Manchester City. Mpira ulianza saa kumi na moja na nusu za jioni kwa saa yetu. Banda lilijaa, wengine wamekaa kwenye mapipa ya mafuta yaliyolazwa chini. Dakika ya 16 Eberechi Eze akafunga. Baadaye kidogo City wakapata penalti, na kipa Dean Henderson akaipangua, na hapo ndipo ulipokuja upepo ule unaotangulia mvua, wenye harufu ya vumbi lililolowa mahali pengine.

Nguzo ya kulia ilikatika kimyakimya, kama mkate. Ya pili ikaifuata. Paa likashuka mpaka usawa wa masikio. Nikakimbilia jenereta niizime, na sauti kumi zikanipokea kwa pamoja: “Profesa, usizimishe!” Vijana wanne wakasimama wakalibeba paa vichwani na mikononi, shingo zimepinda pembeni ili waendelee kuona, na wengine wakawa wanapokezana nao bila kuambiwa, kama watu wanaobeba jeneza la mtu waliyempenda. Mvua ikaanza kupiga mabati juu ya vidole vyao. City walishambulia kipindi chote cha pili. Mwamuzi akaongeza dakika kumi, na nakwambia katika historia ya usanifu hakuna nguzo zilizowahi kulaani dakika kumi kiasi kile.

Palace walishinda 1–0, kombe lao kubwa la kwanza tangu waanze. Firimbi ilipolia, vijana wote waliinua mikono kushangilia.

Ndiyo, yote. Kwa wakati mmoja.

Hakuna aliyeumia zaidi ya mikwaruzo na mtu mmoja aliyepoteza kandambili. Nilitambaa kutoka chini ya bati nikiwa na daftari kavu kifuani, nikaandika saa: moja na nusu na ushee usiku. Simu mbili hazikuonekana tena tangu jioni ile. Kwa kipimo chetu hizo ni kodo mbili, na nimeziingiza kwenye jedwali.